Kiazi Kilichokiri kwa Niaba Yangu

Usiku wa jana niliota. Mke wangu anasema haukuwa usiku, ilikuwa asubuhi, baada ya daku na baada ya sala, na jua lilikuwa limeshafika kwenye ndoo za maji. Mimi nasema aliyelala ndiye anayejua alilala saa ngapi. Lakini kabla sijaingia ndotoni niseme jambo moja, nisije nikaambiwa nimelificha: mjinga wa habari hii ni mimi. Nimekuwa mjinga mara nyingi. Nimeuza matairi, nimefuga vifaranga, nimeshirikiana biashara na watu wawili waliohama mji siku moja. Ila ujinga wote huo niliufanya na wenzangu. Ule wa sandwichi niliufanya peke yangu, jikoni kwangu, nikiwa na akili zangu timamu.

Mtaani kwetu Makorora, Ramadhani ikiingia tuna shida moja. Watu wote wamefunga, vyungu vyote viko motoni, na hakuna wa kuonja. Kugusisha ncha ya ulimi na kutema kunaruhusiwa, lakini wanawake wa kwetu hawataki kujijaribu mbele ya mchuzi wa kuku jioni tumbo likiwa tupu. Kwa hiyo tuna Mama Faustina. Ni jirani yetu wa ukuta mmoja, Mkatoliki wa kutoka Bukoba, mshonaji, na mwezi mzima ulimi wake ndio ulimi wa nyumba saba. Ikifika saa kumi na nusu anaacha cherehani, anafunga kanga safi, anachukua kijiko chake mwenyewe na kupita nyumba kwa nyumba. Hii ongeza ndimu. Hii tayari, epua. Hii nani kaitia sukari? Miaka tisa hajakosea.

Juzi mama mkwe alikuja kufuturu kwetu, pamoja na shemeji yangu Mshamu. Huyu Mshamu nilikuwa nimeshamwambia kinyozini, mbele za watu, kwamba sandwichi za nyama ya kusaga atakazokula ni kazi ya mikono yangu. Ukweli ni kwamba nyama aliipika mke wangu, Mwanaidi: kitunguu, thomu, tangawizi, bizari, pilipili ya kutosha, kotimiri mwishoni. Mama Faustina akapita, akaonja, akasema iko sawasawa na mtu asiiguse. Mimi kazi yangu ilikuwa kupasua mikate ya boflo na kuijaza.

Mwanaidi akaenda kuoga. Nikabaki na ile nyama, tukitazamana. Nikaiona imetulia mno. Nikakumbuka maneno ya Mshamu kwamba nyumbani kwangu hupikwa chakula cha wodini. Nikachukua pilipili kichaa ya unga, nikatia vijiko viwili, nikachanganya. Nilikuwa nimefunga, sikuonja. Nikajaza boflo, nikazipanga kwenye sinia kwa mpangilio mzuri sana.

Ya baada ya adhana sitayasimulia yote. Mama mkwe alikunywa maji ya jagi bila kuhangaika na glasi. Mshamu alitoka nje, tukamkuta ameuegemea ukuta anauelezea hali yake. Mwanaidi alilitazama sinia muda mrefu, kisha akasema labda ulimi wa Mama Faustina umechoka. Nami, badala ya kufunga mdomo, nikaitikia kwamba umri nao una mambo yake.

Neno likaruka ukuta, likapita nyumba zote saba. Jana saa kumi na nusu Mama Faustina alifunga kanga yake safi, akakaa barazani na kijiko mkononi, na hakuna nyumba iliyomwita. Nilimwona kupitia dirishani. Alikaa mpaka adhana, kisha akaingia ndani na kijiko chake. Nikajiambia nitasema kesho. Nikala daku, nikasali, nikalala.

Basi niko jikoni. Ni mchana mweupe. Nafungua bomba ninawe mikono, na maji yakinifikia yanarudi nyuma.

"Wewe una pilipili," maji yananiambia.

Nasema nimenawa mara tatu na sabuni.

"Tulikuwepo," yanasema, yanajivuta na kurudi bombani.

Ukutani yameandikwa masharti ya Mwanaidi, yale anayoyasema kila akipika, kwa rangi ya mafuta na herufi kubwa kama matangazo ya zahanati. Kitunguu kilegee. Nyama ipumzike. Boflo ipasuliwe, isiachane. Aliyeshika pilipili asishike kitu kingine. Nayasoma mpaka mwisho kwa sababu chini yake pameandikwa kwamba asiyesoma mpaka mwisho atarudishwa juu.

Kitunguu kimelegea. Kimekaa kwenye kigoda, kimenyoosha miguu, kimeegemea gunia la mkaa. Nakiuliza nyama iko wapi.

"Inapumzika," kinasema. "Na mimi usinitegemee kwa lolote leo."

Naenda chumbani. Nyama ya kusaga imelala kitandani, upande wangu, kilo moja na robo, shuka imevutwa mpaka shingoni na feni imewashwa. Nasimama mlangoni kwa adabu, kwa maana kuingia chumbani kwangu mwenyewe bila hodi naona si vizuri.

"Baba Zaituni," inasema bila kufumbua macho, "nani alinionja?"

"Mama Faustina."

"Kabla au baada?"

Nauliza kabla au baada ya nini. Nyama inageukia ukutani na kuvuta pumzi ndefu. Inanieleza kwamba leo, ikigonga saa kumi na moja, ulimi wa Mama Faustina unastaafishwa machinjioni kwa sababu ya ubovu. Ukishagongwa muhuri wa ubovu hautaonja tena, si kwetu tu, popote, hata chai yake mwenyewe ataikisia. Na mtaa mzima utapika kwa kubahatisha mpaka Kiyama. Yenyewe ingekwenda kutoa ushahidi, ila imeambiwa ipumzike, na haipendi kuvunja masharti ya mke wangu.

"Nenda na boflo," inaniambia. "Ilikuwepo. Na uzime hiyo feni, napata baridi."

Nashika swichi. Swichi inaanza kulia.

Hailii kwa kelele. Inalia kama mtu mzima aliye kwenye foleni, machozi yanateremka ukutani taratibu. Naiomba radhi. Nashika kitasa, kitasa nacho kinalia. Nauegemea mlango nifikirie la kufanya, na mlango mzima unaanza kutingishika mabega. Naamua kutembea huku nimeiinua mikono juu, kama mtu aliyekamatwa, ingawa hakuna aliyenikamata bado.

Boflo inanisubiri ukumbini. Imepasuliwa, haikuachana: upande wa juu na upande wa chini, wameshikana nyuma kwa ukanda mwembamba wa ganda usiozidi upana wa ukucha. Hawasemeshani.

"Mwambie wa chini apunguze mwendo," ananiambia wa juu.

"Mwambie wa juu," anasema wa chini, "mimi ndiye ninayebeba nyama. Yeye anafunika tu halafu anajiita sandwichi."

Nafikisha ujumbe huku na huku. Wanasikia wenyewe, wako karibu kuliko mimi, lakini hawajibu mpaka niseme mimi. Nauliza hawajasemeshana tangu lini. Wa juu ananiambia tangu tanuri. Nauliza kwa nini basi wasiachane yaishe. Hapo wanajibu pamoja, kwa mara ya kwanza:

"Nyama itamwagika."

Tunatoka. Nafungua geti na kiwiko, geti linalia hata hivyo, na nje hakuna mtaa. Nje ni machinjioni.

Mbele ya mlango wa machinjio viazi vimekaa juu ya magunia, kama vibarua wanaongoja kuitwa. Kila kimoja kina kibao shingoni: NANYONYA KILICHOZIDI. Kila mpishi anakijua kibarua hiki. Chumvi ikizidi mchuzini unatumbukiza kiazi, kinanyonya, unakitoa, unakula kana kwamba hukukosea. Moyo wangu unafunguka. Najiambia kimoyomoyo kwamba kumbe mambo yana njia yake.

Nachagua kimoja kikubwa chenye uso mwaminifu. Nakieleza kwa kifupi kwamba kuna kosa fulani, si kubwa, limezidi kidogo, na mwenyewe ana haraka. Kiazi kinauliza ni vijiko vingapi. Vijiko viwili. Kinauliza kama kuna na maneno. Nasema yapo machache, kuhusu umri.

"Maneno yananyonywa polepole," kinasema. "Lakini nitajitahidi. Nitumbukize."

Kinabingirika mbele yangu kwa furaha. Boflo inafuata, wa juu akinituma nimwambie wa chini kwamba haya hayatatufikisha pazuri. Simwambii.

Ndani ni ukumbi wa vigae vyeupe na kulabu tupu. Mezani amekaa bwana nyama, mkaguzi, yule anayegonga muhuri wa zambarau kwenye mapaja ya ng'ombe ili tujue nyama imekaguliwa. Ana koti jeupe, mabuti, na uso wa mtu ambaye hajawahi kushangazwa na kitu. Mbele yake kuna kisahani cha wino. Kwenye mabenchi wamekaa vyungu na masufuria saba ya mtaa wetu, vifuniko mapajani.

Na kwenye kiti cha plastiki, katikati, umekaa ulimi wa Mama Faustina. Una urefu wa mtu, umefunga kanga safi, umeweka kijiko magotini. Unaniona.

"Baba Zaituni, watoto hawajambo?"

"Hawajambo."

"Mwambie Zaituni sketi yake ya shule tayari. Nimemwachia upindo, anakua yule."

Nasema nitamwambia. Natafuta pa kutazama, natazama dari.

Bwana nyama anauliza kama kuna chombo chenye la kusema kabla ya kustaafisha. Chungu cha maharage cha kwa Bi. Shani kinasimama. Kinasema jana hakikuonjwa. Mama alikitia chumvi, akaenda kuanika nguo. Binti akapita, akatia chumvi. Shangazi akashuka kwenye bajaji, hajavua hata viatu, akatia chumvi.

"Nilipofika mkekani," kinasema, "nilikuwa najiogopa mwenyewe."

Sufuria ya uji inasimama na kusema yenyewe ilisahauliwa sukari ikatiwa bizari. Sufuria ya pilau inafunua kifuniko kidogo, watu wanachungulia, inafunika. Vyote vinasema havina ugomvi na ulimi. Lakini sheria ni sheria: ulimi ulisema sawasawa, na mtu mzima akakutwa anaongea na ukuta.

Natikisa kichwa kuelekea kiazi. Kiazi kinabingirika katikati ya ukumbi.

"Bwana nyama," kinasema, "ni mimi."

"Wewe ndiwe nini?"

"Niliyetia pilipili kichaa. Vijiko viwili, baada ya kuonjwa." Na hapo hapo kinavimba, kinakuwa ukubwa wa kigoda. Nahisi kifua changu kimekuwa chepesi. Naanza kufikiria futari.

"Na ni mimi niliyesema umri nao una mambo yake." Kinakuwa ukubwa wa mbuzi.

Ningependa kiishie hapo. Nakipa ishara kwa nyusi. Lakini kiazi kikishaanza kunyonya hakichagui.

"Na ni mimi niliyekula kaimati za watoto mwaka juzi na kumsingizia paka. Paka alifukuzwa. Na ni mimi niliyemwambia mama mkwe simu imetumbukia chooni, na haijatumbukia hadi leo. Na ni mimi niliyekwenda harusini kwa Mshamu, nikachomoa waya wa spika ili hotuba yake iwe fupi." Kinakua. Kinafika kwenye kulabu. Mabenchi yanasogezwa ukutani. "Na wale vifaranga hawakuibiwa. Nilisahau kufunga banda."

"Kiazi," nakinong'oneza, "imetosha."

"Bado sana," kinajibu kwa sauti inayosikika ukumbi mzima. "Mtu huyu ana mchuzi mzito."

Sasa kimegusa dari. Sufuria ya uji imebanwa mlangoni. Wa juu ananiambia nimwambie wa chini kwamba yeye alishaonya. Bwana nyama peke yake hajainua kichwa. Anaandika mpaka anamaliza mstari, anaweka nukta, anakitazama kiazi.

"Nionyeshe mikono uliyotilia."

Kiazi kinajitafuta kwa muda.

"Sina," kinasema.

"Basi hukutia. Kazi yako kunyonya." Anaandika: hakina mikono. Kisha anaagiza kitolewe nje, na kwa kuwa hakipiti mlangoni kinakatwa chipsi. Kinatoka kwa vipande, kwenye ndoo kumi na nane, na kila kipande kinaendelea kukiri kivyake. Nasikia makosa yangu yakipungua sauti kuelekea barabarani.

Saa ya ukutani inaonyesha kumi na moja kasoro dakika tatu. Bwana nyama anachovya muhuri kwenye wino. Ulimi wa Mama Faustina unasimama wenyewe, unanyoosha kanga, unaweka kijiko mezani pembeni ya kisahani. Unakiweka taratibu kisigonge. Hicho ndicho kilichonichoma. Ungekitupa ningejua la kujibu.

"Kuna shahidi mwingine?" anauliza bwana nyama.

Wa juu ananigeukia. "Mwambie bwana nyama yupo."

"Yupo," nasema.

"Mwambie aseme nani alitia," anasema bwana nyama, akiniangalia mimi, maana ameshaelewa utaratibu wa boflo hii.

"Mwambie," anasema wa chini, "nilikuwa nimelala chali kwenye ubao, nimefunguliwa, nikaona kijiko kikipita juu yangu mara mbili."

Nasema hayo.

"Mwambie," anasema wa juu, "aliyeshika kijiko alikuwa amevaa fulana ya kijani iliyotoboka kwapani."

Nashusha mikono niliyokuwa nimeiinua. Nasema: alikuwa amevaa fulana. Wa juu ananikumbusha rangi. Nasema ya kijani. Ananikumbusha tundu.

"Mwambie," wanasema wote wawili kwa pamoja, na safari hii hawakununa, "kwamba ni wewe."

Nimewahi kufikisha salamu nyingi maishani, hii ndiyo iliyokuwa nzito. "Wanasema," nasema, "nikwambie kwamba ni mimi."

"Wanasema wao," anajibu bwana nyama. "Wewe unasemaje?"

Ninafungua mdomo kusema kwamba jambo hili lina pande nyingi. Mlango unafunguka. Inaingia swichi ya chumbani, inalia. Nyuma yake kitasa. Nyuma yake mlango wenyewe, mabega yanatingishika. Geti linaingia kwa ubavu, maana ni pana. Na nyuma yao baiskeli ambayo sikumbuki kuishika, lakini inalia kwa uchungu kiasi kwamba siwezi kubishana nayo. Wanajipanga mstari nyuma yangu, wanapokezana kitambaa kimoja.

"Hawa umewashika?"

"Nimewashika."

"Kwa mikono hiyo?"

"Ndiyo niliyo nayo."

Dakika moja imebaki. Muhuri uko juu. Ulimi wa Mama Faustina umefumba macho, sijui kwa macho gani.

"Ni mimi," nasema. "Vijiko viwili, baada ya yeye kuonja. Alisema isiguswe nikaigusa. Na walipomlaumu yeye nilijua, nikaongezea langu. Na jana nilimwona barazani, nikafunga pazia."

Vitu vyote nyuma yangu vinaacha kulia kwa mpigo mmoja. Geti linapenga kamasi. Bwana nyama anapiga mstari juu ya jina la Mama Faustina, anaurudishia ulimi kijiko chake kwa mikono miwili, na vyungu saba vinagonga vifuniko. Saa inagonga kumi na moja.

Naomba ruhusa ya kuondoka.

"Muhuri umeshachovywa," anasema bwana nyama. "Wino uliochovywa haurudi kisahanini. Lazima ugongwe ulimi mmoja. Toa wako."

Namwambia nimefunga.

"Si chakula, ni ukaguzi. Usimeze."

Natoa ulimi. Muhuri unashuka, wa baridi, mzito kama kiatu. Ananiambia nisifunge mdomo mpaka ukauke, na kwamba kwa ulimi kama wangu itachukua muda kwa sababu haujazoea kukaa kimya. Nasimama mdomo wazi mbele ya mtaa mzima wa masufuria. Ulimi wa Mama Faustina unanisogelea na kijiko chake, unainama, unanigusa kwa ncha, unafikiri kidogo kama unavyofikiri mbele ya kila chungu.

"Bado," unasema.

Nikaamka mdomo wazi. Jua lilikuwa kwenye ndoo. Mwanaidi alikuwa amesimama juu yangu na ufagio, akaniambia nifunge kinywa nzi wasije wakanifunguza. Kisha akaacha kufagia. Akainama.

Akauliza nimekula nini. Nikasema mimi nimefunga kama yeye. Akaniambia nitoe ulimi. Nikautoa. Akautazama, akaenda kuleta kioo chake cha wanja, akanishikia.

Ubavuni mwa ulimi wangu palikuwa na alama ndogo ya zambarau, imepinda kama ukingo wa kisahani cha kahawa, na ndani ya mpindo huo herufi tatu: KAG. Mwanaidi akalowesha pembe ya kanga, akasugua. Haikutoka. Akasugua kwa nguvu kuliko ilivyohitajika. Haikutoka.

Akakaa kitandani. Akaniuliza, taratibu kama anavyomuuliza Zaituni akisikia kitu kimevunjika chumba cha pili, ni nini nimefanya.

Nikamwambia yote, kuanzia kuoga kwake mpaka pazia. Nilitegemea acheke kidogo kwenye sehemu ya kiazi. Hakucheka. Alikuwa anakumbuka yale aliyoyasema yeye mwenyewe kuhusu ulimi wa mwenzake, nikaona yanampanda usoni moja moja. Akanishika mkono wa fulana, akanivuta uani mpaka kwenye ukuta, akanigeuza nitazame upande wa pili, akasimama nyuma yangu ili nisipate pa kurudi.

Mama Faustina alikuwa barazani kwake, cherehani inakwenda. Nikamsalimu. Akaitikia. Nikamwambia: pilipili nilitia mimi, vijiko viwili, wewe ulikuwa umeshaonja na ulikuwa sahihi. Mwanaidi akasema kutoka nyuma yangu kwamba yeye naye alisema asiyoyajua, na anaomba radhi, na radhi hiyo ataipeleka mwenyewe kwenye nyumba zote sita, mlango kwa mlango, pamoja na huyu hapa. Mama Faustina hakusimamisha cherehani. Alishona mpaka mwisho wa mshono, akakata uzi kwa meno.

Dirisha la Bi. Shani lilikuwa limefunguka zamani. Akauliza kwa sauti, kama mtu aliyepita tu, kama leo Mama Faustina anaweza kuanzia kwake, maana ana maharage tena na amemficha shangazi chumvi. Mama Faustina akasema atakuja saa yake ya siku zote.

Hapo ningenyamaza ningekuwa mtu mwenye heshima. Lakini mimi najijua, nikishasamehewa nusu nataka na nusu nyingine. Nikaanza kueleza kwamba vijiko viwili navyo si jinai. Kwamba nilikuwa na nia ya kusema, labda Idi. Kwamba tukiangalia kwa haki, yeye naye ana sehemu yake: ulimi wake anaujua, miaka tisa haujamdanganya, sasa kwa nini akakaa barazani jioni nzima kimya? Angepiga kelele ukutani juzi ile ile kwamba nyama imeguswa, jambo lingekwisha kabla ya tarawehe. Mwanaidi alinifinya mgongoni. Sikusikia.

"Kweli, Mama Faustina," nikamwambia, "hata neno moja? Kwa nini hukusema?"

Akaikunja ile sketi ya Zaituni, akaipitisha juu ya ukuta, akaniwekea mikononi.

"Baba Zaituni," akasema, "ulimi wangu ulikuwa wa kuonja. Wa kusema ulikuwa wako."